Mtungi wa Maziwa Wenye Sikio Lililopinda

Mwalimu Kirui, kijana aliyepokea firimbi yangu nilipostaafu, alinipigia simu wiki jana nikiwa nachambua maharagwe nje ya nyumba yangu hapa mtaa wa Free Area, Nakuru. Alikuwa akisafisha stoo ya michezo. Nilitarajia aniulize habari za mipira iliyotoboka, au ule wavu wa voliboli ambao panya waliugeuza nyumba. Aliuliza jambo moja tu.

"Madam, kuna hii mtungi ya maziwa huku store, ile kubwa ya aluminium. Sikio ya kifuniko imepinda na bado iko na kufuli. Nipeleke kwa welder anyooshe tuitumie?"

Nilimwambia asiuguse. Nadhani nilisema kwa ukali, maana alijibu sawa Madam kwa sauti ya mwanafunzi. Nikamwahidi kumwandikia sababu. Kwa hivyo haya ni yake, na ya kila mwalimu kijana anayekabidhiwa firimbi na kuambiwa kwamba watoto hawa ni wako mpaka kengele ya jioni. Habari za vyeo sina. Mwalimu wa michezo hapandi cheo, hupanda pikapu ya kubebea viti.

Nilizaliwa katika nyumba za reli mjini Nakuru. Baba alitoka Bungoma akiwa kijana kuja kufanya kazi ya reli, akazeekea hapo, na sisi watoto tukajifunza kukimbia kwa sababu kila kitu kizuri kilikuwa upande wa pili wa njia ya gari la moshi. Nilipomaliza chuo cha ualimu nilitumwa shule ya wasichana huko Bahati. Si mbali na mjini, lakini siku ile niliposhuka nilidhani nimefika nchi nyingine. Ukungu ulikuwa umefunika uwanja hata milingoti ya goli haikuonekana. Nilikuwa nimevaa fulana ya mikono mifupi na raba nyeupe nilizonunua kwa ajili ya siku hiyo. Ziliingia kwenye nyasi zenye umande zikiwa nyeupe, zikatoka kijani, na hazikurudia rangi yake tena.

Mtu wa kwanza kunisalimia alikuwa Mzee Kiprono, mwalimu wa michezo niliyekuja kumsaidia. Alinitazama kuanzia raba hadi mikono, akavua koti lake, akanivika kabla hata ya kuniuliza jina.

"Hapa Bahati adui ni baridi," akasema. "Hayo mengine yote ni mazoezi."

Maneno hayo niliyafuata zaidi ya miaka thelathini. Sikuwahi kujiuliza kama adui anaweza kuhama.

Mzee Kiprono alinifundisha kazi kwa vitu vya mkononi. Alikuwa na saa ya kupimia mbio ya kutiwa ufunguo, iliyochelewa kidogo, naye akisema ni wakimbiaji waliowahi. Alikuwa na kamba ya katani yenye fundo kila mita moja. Mistari ya uwanja tuliichora kwa oili chafu tuliyoomba gereji, kwa sababu chokaa ilioshwa na mvua kabla ya mashindano, na mvua ya Bahati siku hizo haikuhitaji mwaliko. Alinifundisha kutazama miguu ya mkimbiaji wakati wengine wanatazama uso. Uso hudanganya, alisema, miguu haijui kudanganya.

Lakini kitu kilichotufanya tujulikane ni mtungi. Ulikuwa mtungi wa aluminiamu wa kupelekea maziwa kwenye dairy, wenye kifuniko na sikio la kutia kufuli, kama ile inayobebwa kwa baiskeli na punda kila asubuhi huko kwetu. Mzazi mmoja aliutoa zawadi. Kila siku ya mbio za nyika Mzee Kiprono aliujaza maji, akauweka kando ya mstari wa mwisho, akafunika kikombe kimoja juu yake. Hakuna aliyekunywa mpaka msichana wa mwisho avuke mstari kwa miguu yake mwenyewe.

Si kwamba alikuwa mkatili. Sote tuliamini kwamba maji katikati ya mazoezi yanaleta kichomi, na zaidi ya hapo alikuwa na hoja yake. Akinywa wa kwanza, alisema, wa mwisho atakimbilia nini? Basi waliofika mapema waligeuka, wakasimama kwenye mstari, wakamwimbia aliyebaki nyuma. Wa mwisho aliingia uwanjani akipigiwa vigelegele kama bibi harusi, na yeye ndiye aliyepewa kikombe cha kwanza. Shule nyingine zilitucheka, lakini timu zao zilikuwa na nyota mmoja na kundi la watu waliokata tamaa, na sisi tulikuwa na timu. Nilipenda desturi hiyo kuliko kitu chochote katika kazi yangu, na bado naipenda, jambo ambalo linanitatiza.

Jambo la pili alilonifundisha ni huduma ya kwanza. Anayeanguka Bahati, mfunike kwanza, uliza baadaye. Niliona faida yake mwaka wangu wa tatu. Mvua ya mawe ilituvamia tukiwa kwenye mashamba ya mahindi, na msichana mmoja akaanguka akitetemeka, midomo imekuwa ya bluu. Tulimvika sweta tano na koti la Mzee Kiprono, tukambeba hadi jikoni, na baada ya chai mbili akauliza nani alishinda. Tangu siku hiyo gunia la sweta kuukuu lilikaa kwenye stoo, na kila nilipokwenda mashindanoni nililibeba kabla ya kubeba mipira. Wenzangu walinitania kwamba nafanya biashara ya mitumba.

Mzee Kiprono alipostaafu aliniachia saa, kamba, mtungi na gunia. Akaenda kufuga ng'ombe wake huko Molo.

Sikumbuki siku hali ya hewa ilipobadilika, na hilo linanishtua hadi leo. Unaweza kusimama kwenye uwanja mmoja kila jioni kwa miaka yote na usiuone ukifa. Ukungu uliondoka kwanza, nikafurahi kwa sababu ya viatu vyangu. Nyasi za golini zikakauka, nikasema ni wasichana wanachezea mahali pamoja. Mvua ndefu ikaanza kuchelewa, kisha ikaja yote kwa wiki moja, ikachukua pembe ya chini ya uwanja pamoja na goli moja. Tuliliona goli letu limelala kwenye shamba la jirani, na mwenye shamba akauliza kama tunalihitaji. Kule mjini Ziwa Nakuru likapanda, likameza barabara ya vumbi tuliyokuwa tukifanyia mazoezi ya likizo, mpaka vikabaki vichwa vya nguzo za ua vikichungulia majini. Nilikwenda kuona kwa macho yangu. Nilisimama pale nilipokuwa nikisimama na saa mkononi, na mahali ambapo wasichana walikuwa wakitokea palikuwa na ndege wanaogelea.

Halafu miili ikaanza kusema. Wasichana walitokwa damu puani bila kuguswa. Gwaride la Jumatatu likawa haliishi bila mmoja au wawili kuanguka. Wakaanza kulalamika kichwa, macho, moyo kwenda mbio wakiwa wamekaa. Bweni letu ni la mabati, na lilikuwa likishika joto la mchana mpaka usingizi uwapite, kwa hivyo walikuja uwanjani wakiwa tayari wamechoka na wamekasirika. Marafiki wawili ambao hata chooni walikuwa wakienda pamoja walipigana ngumi kwa sababu ya taulo. Mkimbiaji wangu bora alikaa chini katikati ya mazoezi, akaniambia jua linampigia kelele kichwani, akalia, na hakuweza kueleza anacholilia.

Nami nilifanya nini? Nilisema watoto wa siku hizi ni wa chipsi. Nilisimama katika ofisi ya walimu na kuwakumbusha wenzangu kwamba mchelea mwana kulia hulia yeye. Waliitikia kwa vichwa, maana methali nzuri haipingwi.

Kisha niliwakamata wawili wakinywa maji ya mtungi kabla ya wa mwisho kufika. Wiki iliyofuata walikuwa wanne. Katika miaka yote ya Mzee Kiprono, na katika miaka yangu mingi, hakuna aliyewahi kuugusa mtungi ule, na haukuwa na ulinzi wowote isipokuwa kile kikombe. Ningetulia nikajiuliza kwa nini wasichana wenye adabu wameanza kuiba maji, leo nisingekuwa naandika haya. Nilikwenda dukani nikanunua kufuli. Ufunguo nikautia kwenye mfuko wa suruali yangu ya michezo.

Sasa nifike kwa Njoki. Alikuwa kidato cha pili, mtoto wa Mai Mahiu, ambako mama yake ana kibanda cha chai kando ya barabara wanaposimama madereva wa malori. Njoki hakuwa mkimbiaji. Alikimbia kama mtu aliyebeba sinia. Lakini hakukosa mazoezi hata siku moja, na timu ilimpenda kwa sababu kila siku alikuwa wa mwisho na kila siku alifika akicheka. Niliwahi kumuuliza anapendea nini mbio. Akaniambia kwamba akikimbia hakuna mtu anamwagiza chai.

Baada ya kufuli kuingia, kicheko kilikwisha. Waliofika kwanza bado walimwita, lakini haukuwa tena wimbo. Walikuwa na kiu. Walisema Njoki, harakisha, na mmoja au wawili walisema zaidi ya hapo. Jioni moja alinifuata stoo nikikunja kamba, akaniuliza kama anaweza kutoka kwenye timu.

"Si ati nimechoka, Madam," akasema. "Lakini nikitoka, hawa wengine watakuwa wanakunywa mapema."

Mtoto wa miaka kumi na tano alikuwa amepiga hesabu ambayo mimi sikuipiga. Nikamwambia kwamba dawa ya kuwa wa mwisho ni kukimbia, si kutoka. Nilijiona nimesema neno la hekima, hata nikalirudia kwa mwalimu mwenzangu wakati wa chai.

Siku yenyewe ilikuwa Jumamosi ya mwezi wa pili. Tulikuwa tuchague timu ya kwenda mashindanoni, na mbio zilipangwa saa moja asubuhi. Wakaja wageni wa bodi, wasichana wakaitwa ukumbini kuwaimbia, hotuba zikazaa hotuba, na tulipoachiliwa ilikuwa inakaribia saa sita mchana. Ningeweza kuahirisha. Lakini ratiba niliyobandika ukutani ilikuwa na sahihi yangu, na mimi ni mtoto wa reli, gari likichelewa linaondoka tu. Mabomba yalikuwa yamekauka tangu Alhamisi. Maji yaliyokuwapo shuleni yalikuwa ya tangi la jikoni, na yale niliyokinga mapema kwenye mtungi.

Nikiwa nabeba mtungi nilikutana na Mama Salma, mpishi wetu. Ni mama wa mjini Nakuru, mtaa wa Bondeni, ambako ukoo wake ulikuja kutoka pwani zamani, na alikuwa na desturi ya kuniambia ukweli bila kupunguza mwendo.

"Mwalimu, jua leo lina meno," akasema.

Nikamwambia achunge ugali wake, nami nitachunga wasichana wangu. Tulicheka sote wawili. Niliufunga mtungi kufuli, nikaweka kikombe juu, nikapuliza firimbi.

Walikuwa ishirini na wawili. Njia ilikuwa ile ile ya siku zote: kuteremka hadi kijitoni, kupita madukani, kupandisha barabara ya vumbi hadi mashambani, na kurudi kupitia lango la nyuma. Wa kwanza alifika akiwa na chumvi nyeupe usoni. Hakuniuliza muda wake, jambo ambalo hakuna mkimbiaji anayeliacha. Alikwenda moja kwa moja chini ya mikaratusi akalala. Wengine wakaja, wakalala. Hakuna aliyegeuka kuimba. Kufikia msichana wa ishirini na moja, wote walikuwa wamekaa wakiutazama mtungi.

Njoki akatokea langoni. Nilitazama miguu yake kama nilivyofundishwa, na miguu haikuwa yake. Ilikuwa ikienda upande huu, kisha upande ule. Wenzake wakasimama, wakaanza kumwita, na walikuwa wakimwita kwa nia njema. Hatua thelathini hivi kabla ya mstari akaanguka. Akainuka. Akaanguka tena, akaanza kutambaa kwa mikono na magoti juu ya udongo ule mkavu, akiutazama mstari. Wasichana wawili walikimbia kumshika, nami nikasikia sauti yangu ikiwaambia wamwache, avuke kwa miguu yake mwenyewe.

Hayo niliyasema. Hakuna mtu aliyenisikia vibaya.

Akalala kifudifudi, akaanza kutetemeka mwili mzima. Nikakimbia, na kilichonijia kichwani ni baridi. Nilifikiri ana homa, ama malaria aliyotoka nayo nyumbani. Nikaita gunia la sweta. Jua likiwa utosini, mimi na wasichana wangu tulimvika Njoki sweta tatu, tukamfunika na koti langu, na nikamkumbatia ili apate joto. Ngozi yake ilikuwa kavu. Hakuwa na tone la jasho, na bado sikuelewa. Alikuwa akisema maneno. Nilisogeza sikio nikasikia anauliza chai ni ya maziwa ama ya rangi, na kumwomba dereva asubiri kidogo, inachemka.

Mama Salma alitoka jikoni na mwiko mkononi kuona kelele za nini. Alipiga magoti, akamgusa Njoki shingoni kwa nyuma ya mkono, jinsi wapishi wanavyogusa sufuria.

"Mwalimu, huyu haskii baridi," akasema. "Huyu anaiva. Mvue."

Alimvua yeye mwenyewe, maana mimi nilikuwa nimeganda. Akatuma wasichana jikoni walete beseni la maji ya kuoshea mboga, na lile la mchele, na yaliyobaki kwenye tangi. Akayamwaga yote juu ya mtoto, kichwani, kwapani, mapajani, akawapa wengine vifuniko vya sufuria wapunge upepo. Mume wake aliwahi kufanya kazi kule Magadi, ambako jua huua watu kila mtu akiona, na huko ndiko alikojifunza. Alifanya haraka bila kupandisha sauti. Mimi nilishika mguu wa Njoki, na hiyo ndiyo kazi yote niliyoifanya.

Naibu wa mwalimu mkuu alitupeleka hospitali kwa gari lake, madirisha yote wazi, Mama Salma akiendelea kumpungia njia nzima. Walipompokea na kuufunga mlango, niliingiza mkono mfukoni kutafuta leso. Nikatoa ufunguo.

Nilikaa nao kwenye kiganja sijui muda gani. Mtungi mzima wa maji ulikuwa hatua chache kutoka mahali alipolala mtoto. Watu walikuwa wakikimbilia jikoni na kurudi, wakikimbilia jikoni na kurudi, wakiupita. Sikuukumbuka. Nilikuwa nimeufunga vizuri mno, nikaufunga hata kichwani mwangu. Na wasichana ishirini na mmoja walikuwa bado wamekaa kando yake, mabomba makavu, maji ya jikoni yameisha.

Nilipiga simu shuleni wavunje kufuli. Hakuna aliyepata kitu cha kulivunjia mpaka Mama Salma aliporudi shuleni kwa bodaboda, akachukua shoka la kuni. Kufuli lilikuwa imara, maana nilichagua zuri. Kilichokubali ni sikio la kifuniko. Lilipinda, kifuniko kikatoka, wasichana wakanywa. Ndivyo lilivyopinda, Kirui.

Mama yake Njoki alifika kutoka Mai Mahiu jioni ile ile, aproni ya kazini ikiwa bado kiunoni. Daktari alimweleza kwamba mwili ulipata joto kupita kiasi, kwamba figo zimeumia, kwamba wangojee. Nilisubiri anipigie kelele. Nilizitamani. Aliniuliza swali moja tu, kwa sauti ndogo.

"Mwalimu, alikuwa anakimbia kwenda wapi?"



Njoki alikaa hospitali wiki mbili na zaidi. Siku ya nne aliacha kuwauliza wauguzi wanataka chai gani. Figo zilirudi polepole. Alipona, namshukuru Mungu, lakini kupona nako kuna namna. Alirudi shuleni, na jua likipanda alijibanza ukutani, moyo ukimwenda mbio hata akiwa kivulini. Daktari alisema ni woga ambao mwili umeukumbuka. Shuleni kwetu tulikuwa hatujawahi kulitibu jambo la namna hiyo isipokuwa kwa kuliombea.

Hakuna aliyenilaumu. Hilo ndilo lililonitisha kuliko yote. Katika kitabu cha matukio iliandikwa kwamba mwanafunzi alizimia wakati wa michezo. Tukafanya ibada ya shukrani. Nilichukua siku moja nikaenda Molo kumweleza Mzee Kiprono, nikitumaini, nakiri, kwamba desturi ni yake na atabeba nusu ya mzigo. Alinisikiliza huku akimkamua ng'ombe. Nilipofika kwenye kufuli mikono yake ikasimama.

"Kufuli?" akasema. "Mimi sikuwahi kuweka kufuli."

Aliendelea kukamua. Nikarudi na mzigo wangu wote.

Miaka yangu minne ya mwisho niliifanya kazi kama mwanafunzi. Firimbi yenyewe ilikuwa ikinishinda kupuliza jua likiwa kali, pumzi inakata. Nilihamisha mazoezi hadi alfajiri, na jioni hatukukimbia mpaka kivuli cha darasa kifike katikati ya uwanja. Nilinunua kipimajoto, nikakitundika ukutani upande wa kivuli, nikakichora mstari kwa rangi nyekundu ya kucha. Joto likifika kwenye rangi ya kucha hakuna mbio, hata aje waziri. Maji yakawekwa njia nzima, anywe anayetaka. Gunia la sweta halikutupwa, kwa sababu mvua ya mawe bado huja ikitaka, lakini kando yake niliweka beseni na mashuka ya kulowesha. Ukimwona mtu ameanguka, mguse shingo kwanza. Usimfunike kwa sababu mwalimu wako alikuwa akifunika. Na akianza kusema maneno yasiyo na mwelekeo, usisubiri daktari ndipo umwage maji.

Wimbo nao ulirudi, lakini kwa njia nyingine. Anayefika wa kwanza huchukua chupa, hugeuka, na kukimbia kumpelekea wa mwisho. Wasichana ndio waliobuni, si mimi. Nilipoona mara ya kwanza nilienda nyuma ya stoo nikajifanya natafuta kamba.

Siku ya kuniaga walialika wanafunzi wa zamani. Zilisomwa sifa nyingi, nyingine zilikuwa za kweli. Nikaona msichana amesimama kwenye ukuta wa ukumbi, upande wa kivuli, amevaa kofia pana. Nilimtambua kwa alivyobeba sahani, mikono miwili, kama sinia. Anasomea upishi sasa, na likizo humsaidia mama yake Mai Mahiu. Nilimshika mikono. Nilikuwa nimetayarisha maneno ya kumwomba msamaha kwa miaka minne, na nilianza kuyasema, lakini akanikatiza kwa adabu.

"Madam, kuna kitu sijawahi kuuliza," akasema. "Ile siku, wenzangu walikunywa maji?"

Nilimwambia walikunywa. Nilimweleza kila kitu, ufunguo, shoka, Mama Salma, na kwamba walikunywa wote mpaka mtungi ukaisha. Alivua kofia akajipepea nayo, na machozi yakamtoka, ingawa uso ulikuwa umelegea kama wa mtu aliyetua kuni.

"Afadhali," akasema. "Miaka hii yote nimekuwa nikiota bado wananingoja."

Kwa hivyo usimpelekee welder, Kirui. Liache sikio jinsi lilivyo, na uweke mtungi mahali ambapo kila mwalimu mpya atauliza. Ufunguo niko nao hapa nyumbani, kwenye kopo la majani ya chai, na siurudishi.